Koti Kwenye Msumari wa Marehemu

Jumatatu, 5 Mei 2025

Leo nimepata kazi ya Mzungu! Si ya kufagia — ya mdomo. Mama mmoja wa Denmark, Inger, nywele nyeupe, viatu vya kupanda mlima, ameingia kwenye ukumbi wetu wa video hapa Kibuye na sinema ya babu yake. Ya mwaka 1958, haina rangi. Anataka niitangaze kwa Kiswahili Jumamosi mchana, kama ninavyotangaza za Wachina. Kidenmaki sijui hata neno. Kwani Kichina nakijua? Miaka tisa nawapa wale watu maneno na hakuna aliyelalamika.

Babu aliitwa Viggo Ravnsted. Hakuigiza, hakushika kamera. Aliandika tu yale watu wanayosema. Sinema ishirini na sita! Alianza akiwa mkata tiketi kwenye feri. Abiria wakigombana, yeye anaandika nyuma ya tiketi. Nimempenda tayari.

Jumanne, 6 Mei

Dalmas amepiga simu tena. Shemeji yangu, mdogo wa marehemu Ondiek wangu. Nyar Ahero, ananiita, binti wa Ahero, kama Ondiek alivyoniita. Anasema mwaka na nusu umetosha, wazee wanauliza. Alete koti lake tu, alitundike nyumbani kwangu, mila ya kurithi mjane itimie. Hata kulala halali. Koti tu!

Nikamwambia niko bize na Wadenmaki. Akacheka. Ni mtu mzuri, na hiyo ndiyo shida. Angekuwa mkorofi ningeshamfukuza.

Jumatano, 7 Mei

Tumeitazama kwenye laptop ya Inger. Mjane ana hoteli ndogo bandarini — nimembatiza Atieno. Anakuja mnunuzi wa samaki — huyo ni Waliaula, ana tumbo la Waliaula wa sokoni kwetu. Anaingia, anavua koti, analitundika kwenye msumari wa marehemu. Nikaruka! Nikasema huyu amerithi, na hata hajauliza! Inger akanishangaa. Nikamweleza mila yetu kwa Kiingereza changu cha Form Four. Akasema hapana, tazama dirishani, mvua inanyesha. Koti limelowa, basi.

Aibu! Nimebeba mambo ya Nyanza nikayapeleka mpaka Denmark.

Mwisho wanaoana. Kanisa, kengele, kila mtu meno nje. Mimi sikucheka, sijui kwa nini. Najua kwa nini.

Ijumaa, 9 Mei

Inger amefika asubuhi mbio mbio, hata chai hajanywa. Maneno yangu yalimkaa kichwani, akafungua karatasi za babu alizozipiga picha kwa simu, zile alizoandika mwenyewe kwa taipureta. Hakuna mvua! Mwenye pesa za sinema ndiye aliyeiongeza, ili watu wasimchukie yule mwanamume. Na harusi pia ni ya mwenye pesa. Ravnsted aliandika hivi: mjane anatoa koti msumarini, analikunja vizuri, anampelekea mwenyewe gatini. Anamwambia amesahau kitu chake. Kwisha.

Kwa hiyo sikukosea!

Walimbana mpaka akabadilisha. Sinema ikajaza kumbi, wakampigia makofi, na tangu siku hiyo hakuandika hata mstari. Alirudi kwenye feri kukata tiketi mpaka akastaafu. Inger anasema nyumbani alikuwa mpole sana, ila hakupenda kengele. Nimemhurumia mzee wa watu kama baba yangu.

Akaniuliza kesho nitasema mwisho upi. Nikajibu picha ni harusi, Mama, nitafanyaje, kengele si zinalia pale? Akarudisha simu mfukoni. Nimekasirika mchana kutwa, sijui na nani.

Dalmas ametuma ujumbe. Anakuja kuona sinema, halafu twende nyumbani kwangu pamoja. Anakuja na koti.

Jumamosi, 10 Mei, saa tisa na nusu alasiri

Stima imepotea! Naandika mlangoni penye mwanga, daftari kwenye goti. Zilibaki dakika kumi sinema iishe. Na ilikuwa tamu! Koti lilipogusa msumari, wamama wa soko walipiga kelele: "Yawa! Huyo ameshaingia!" Mvua sikuitaja. Hakuna aliyeiona.

Jenereta haina petroli. Shitanda, mwenye ukumbi, ametoka na mtungi. Watu hawataki kungoja. Akinyi, muuza omena, amesimama kabisa: "Perez, picha ya nini? Wee sema tu vile inaisha, mdomo si uko?" Wengine wanagonga viti. Inger yuko mstari wa mbele, simu ya zile karatasi mkononi, hanitazami. Kando yake Dalmas, suruali ya kanisani, anatabasamu.

"Malizia, nyar Ahero, twende nyumbani."

Yeye ameshajua inavyoisha. Kila mtu anajua. Skrini ni nyeusi, hakuna kengele, hakuna kanisa. Naogopa. Wazee wataita kikao, mama mkwe atalia, na huyu mtu hajanikosea neno.

Ukumbi una joto. Koti amelivua. Mahali pa kuliweka ni pengi, lakini amekuja akalitundika mgongoni mwa kiti changu cha kutangazia, polepole, mbele ya wote.

Nimelichukua. Bado lina joto la mgongo wake. Ni jepesi kuliko nilivyodhani. Nimelikunja vizuri, mkono juu ya mkono, na sasa wanaita jina lang—