Wamama Wasifunge Ijumaa

Mama yangu,

Umeamkaje huko Nchelenge? Mgongo umepoa, au bado unainama kuanika chisense, dagaa zetu, mchangani tangu jua linapochomoza? Ziwa nalo limetulia? Mimi mzima. Madaktari wa hapa wamenipima mpaka kucha, sina cha kusingizia.

Mama, nimepata kiti. Chombo kikienda angani, nimo. Najua utapiga vigelegele mpaka ng'ambo ya Kongo wasikie, lakini nakuomba umalize barua kwanza.

Kiti kilikuwa cha Rosa, ninayelala naye chumba kimoja. Mimi nilikuwa wa akiba, wa kungoja tu. Ndiye aliyenizoesha kulala nimefungwa mikanda, na Jumapili tulisali pamoja, yeye kwa lugha yake, mimi kwa yetu. Wiki iliyopita, ndani ya mashine inayotuzungusha ili tuzoee kupaa, alizimia. Ni moyo. Hataruka tena, na hata kutembea anashikiliwa.

Asubuhi ya siku ileile nilikuwa nimesikiliza sauti uliyonitumia kwenye simu, wewe na wamama wa maombi. "Kila mutu mwenye anasimama mu njia ya mutoto wetu, aanguke!" Na wote: "Aanguke! Aanguke!" Nikasema amina, Mama. Niliisema kwa nguvu, maana kiti nilikitaka mno. Rosa alikuwa pembeni anachana nywele, akauliza wanaimba nini. Nikamwambia wananiombea.

Najiambia Mungu hafanyi kazi hivyo. Halafu usingizi unakataa.

Sasa wa akiba ni Danieli, mhandisi kutoka Ghana, mtu mpole, hata sahani ananibebea. Jana mezani aliniambia kwa furaha kwamba mama yake na kanisa zima la kwao wameanza kufunga kwa ajili yake. Sikumuuliza wanaomba nini.

Kwa hiyo nakusihi, Ijumaa wamama wasifunge. Wapikie bukari na samaki, wale washibe, waende nyumbani. Wakiuliza nani anangoja kiti nyuma yangu, usiwatajie jina. Naogopa, Mama, na bado nataka kwenda.

Nisalimie yaya Mwape, mkubwa wetu, akirudi kutoka kuuza samaki Mantapala, na shangazi wa Kafutuma aliyenilipia shule. Mchungaji msalimie pia, ila barua hii usimwonyeshe.

Ni mimi Beata wako, niliyesimama sasa mu njia ya mutoto wa mama mwingine.