Kocha Aomba Taimauti Kwenye Mdahalo

Jumanne, Oktoba 1996

Na mimi nikaingia, mjinga mimi!

Kocha Nonoy, Mfilipino mwenye uraia wa hapa anayetufundisha mpira wa kikapu, sasa anagombea udiwani katika mji huu wa ughaibuni, Inver Grove Heights. Leo kwenye mdahalo aliulizwa habari za kuzoa theluji, akakwama, akapuliza filimbi kusimamisha mdahalo kama mechi. "Taimauti! Joseph, ingia!"

Miaka miwili mazoezini nimezoea: akiita, naingia. Nikapanda jukwaani na koti langu, nikasema wazoaji waanze na mitaa ya wazee wanaoishi peke yao. Ukumbi mzima ukapiga makofi.

Mlangoni bibi mmoja akanishika mkono. "Kura yangu utaipata wewe, kijana."

Mimi, mwenye viza ya mwanafunzi, hata kupiga kura siruhusiwi!

Kocha alikuwa nyuma yangu, akasikia. Mechi ya Jumamosi nakaa benchi.