Namba Aliyoirudisha Zaina

Buyenzi, Bujumbura

Mdogo wangu Mwajuma,

Amani ikufikie hapo Kigoma, wewe na wote wa nyumbani. Mgongo wa Mama unaendeleaje? Sisi huku wazima, tena mwenzio siku hizi natembea kichwa juu. Kaa nikusimulie.

Unajua mwanangu Zaina anatengeneza kompyuta kwenye gereji ya Mzee Saidi, katikati ya mafundi magari. Yule mtoto ana mikono! Sisemi kwa sababu ni wangu. Basi wakala mmoja wa bandarini akaleta kompyuta yake imekufa. Zaina akabadilisha ubao mkuu wa ndani, ile mazabodi. Ikawaka, lakini programu ya kutolea mizigo ikakataa kufunguka. Kumbe huitambua mashine kwa namba iliyoandikwa ndani ya ubao, na ubao mpya pale pa namba ulikuwa mtupu. Zaina akasema, "Nitaiandika tena."

We! Mafundi waliposikia kuandika namba, maneno yakaanza. Huku anayechezea namba ya shasi ya gari ni mwizi tu. Mzee Saidi akaja mpaka mlangoni kwangu: "Mama Zaina, mutoto wako anabadili namba za watu? Mi sitaki polisi kwangu. Afunge vitu vyake, aende!"

Nilitoka mbio na ndala zisizofanana. Nikamkuta Zaina bado ameinamia kazi yake. "Apana, Mzee. Namba ni ya mashine hii hii. Muite mwenyewe."

Wakala akaja. Zaina akaigeuza kompyuta, akamwambia asome kwa sauti namba iliyobandikwa chini yake, mafundi wote wakisikiliza na mikono yao ya oili. Yeye akaandika herufi moja moja. Akazima, akawasha. Namba ikatokea kwenye kioo, ileile, na programu ikafunguka! Nilipiga vigelegele mpaka muuza mandazi wa ng'ambo ya barabara akaitikia.

Kesho yake akaja bwana mmoja na kompyuta iliyobanduliwa karatasi ya namba, anataka aandikiwe namba yoyote. Zaina hajafungua mdomo, Mzee Saidi akaruka: "Toka! Fundi Zaina hafanyi kazi hiyo!"

Umesikia, Mwajuma? Fundi. Juzi tu alikuwa mutoto.

Msalimie Mama, umsomee barua hii mara mbili. Msalimie kaka yetu, na shangazi aliyesema kompyuta si kazi ya msichana. Yeye msomee taratibu. Mashine ya mwanao ikiharibika, usimpe mtu, ipakie kwenye boti.

Dada yako akupendaye,
Mama Fundi