Mbao za Mume Wangu Ziko Kanisani

Mama Salvina, shikamoo. Kila Jumatano nasoma ukurasa wako na kucheka matatizo ya wenzangu, sasa zamu yangu imefika na sina wa kumwambia ila wewe, nakuomba unishike mkono na jina langu usilitaje.

Mume wangu, baba Doris, ni mpishi wa wageni wanaopanda mlima, anakaa huko juu siku tano au sita kisha anashuka, hanywi kupita kiasi, hapigi mtu, ugonjwa wake ni mbao. Miaka kumi na miwili iliyopita marehemu baba mkwe alimruhusu akate migrevilea mitano aliyoipanda mzee mwenyewe kwa mikono yake kwenye kihamba, shamba la ukoo kule Machame, ili tujenge kwenye kiwanja chetu cha Shirimatunda, ikapasuliwa zikatoka mbao sitini, na kwa kuwa kiwanja hakina mlinzi akazileta hapa Njoro tulipopanga, akazilaza sebuleni mstari juu ya mstari na vijiti katikati ili hewa ipite, akasema zikikauka tu tunajenga. Mama Salvina, Doris alikuwa ananyonya, mwaka huu anapata kipaimara, na mbao bado zinakauka.

Kochi halijawahi kuingia kwenye nyumba yangu maana halina pa kukaa, televisheni iko juu ya mbao, wageni wanakaa juu ya mbao, hata mchungaji alipokuja kutuombea alikaa juu ya mbao, na baba Doris akishuka mlimani kabla hajanisalimia vizuri anagonga ubao mmoja kwa kidole, anatega sikio, anasema, "Huu bado una maji, mama Doris. Mbao hazikimbizwi." Kila ubao ameuandika kwa penseli namba yake na mti uliotoka, tarehe za kuzaliwa za watoto wake hazijui lakini mbao anazijua zote.

Sasa mwezi wa pili, Jumapili asubuhi, nimebeba sufuria ya chai nikajigonga ugoko kwenye kona ya mbao, chai yote ikaenda chini, nikafika kanisani nachechemea na hasira zangu, na siku hiyo hiyo mchungaji akatangaza kwamba mabenchi hayatoshi, nani ana chochote, Violet jirani yangu akasimama akaahidi misumari huku ananitazama mimi, na baada ya ibada sijui miguu ilinipelekaje ofisini kwa mchungaji, nikasikia sauti yangu inasema natoa mbao ishirini na nne, kavu, ila jina la mtoaji lisitajwe. Akadhani nimekubaliana na mume wangu, akaniombea baraka. Jumanne baba Doris akiwa mlimani pikapu ikaja ikazibeba, mimi nafasi iliyobaki katikati nikaijaza mabanzi, yale mapande yenye magome wanayotupa wapasuaji, mbele na juu nikapanga mbao nzuri, nikatandika kitambaa.

Fundi Tito akatengeneza mabenchi sita. Jumapili ya kwanza baba Doris akakaa kwenye benchi la pili kutoka dirishani, akalipapasa ibada nzima, akaninong'oneza, "Mbao hizi zilikaushwa na mtu anayejua." Niliimba siku hiyo kushinda kwaya. Kumbe Tito alipiga randa upande wa juu tu, chini aliacha zilivyo, na nilipoinama kuokota sadaka niliyoiangusha nikakutana uso kwa uso na mwandiko wa mume wangu, "Na. 31, mti wa mferejini." Nikaomba zamu ya usafi ya Ijumaa, nikaenda na msasa nimeuficha kwenye khanga, nikalala chali chini ya benchi la kwanza, hakuna kitu, la pili hakuna kitu, yote sita yamesuguliwa laini, sijui ni Tito alirudi au ni malaika, nikamshukuru Mungu nikaenda nyumbani kufua. Hata kufua sikufua kwa raha, suruali ya baba Doris aliyovaa Alhamisi ilikuwa imejaa vumbi la mbao magotini, nikamgombeza sana, akasema alikuwa anatafuta funguo iliyoanguka.

Jumapili iliyofuata tukitoka kanisani akaniambia, "Mama Doris, nimeyaangalia yale mabenchi. Tujenge. Jumamosi nikiwa nimeshuka, Tito aje achukue idadi ya mbao, na wewe ndiye utakayemsomea." Miaka kumi na miwili nimeomba neno hilo, leo limekuja mbao ziko kanisani. Nimefikiria kusema mchwa wamekula, lakini mchwa wa kula mbao ishirini na nne na kubakiza mabanzi hawajazaliwa. Anashuka Ijumaa. Naogopa, Mama Salvina, zile ni mbao za marehemu baba yake, akijua nilizigawa bila kumuuliza hataniamini tena hata na kijiko.

Mama D., Njoro

MAMA SALVINA ANAJIBU

Mama Doris, umeniomba nisilitaje jina halafu umelitaja mwenyewe barua nzima. Kanisani nako uliomba lisitajwe. Naona imekuwa tabia.

Nimecheka, nisikudanganye, mpaka mhariri akaja kuuliza kuna nini. Kisha nikaisoma mara ya pili na kicheko kikaisha. Pole kwa ugoko, na pole zaidi kwa miaka kumi na miwili bila kochi. Nilimpigia mzee Sirili, seremala wa siku nyingi, nikamuuliza mbao ya mgrevilea inakauka kwa muda gani. Akasema ikipangwa vizuri kivulini, mwaka ni mwingi. Maana yake mbao zako zilikauka Doris akiwa anatambaa. Mumeo hakuwa anangoja maji yatoke. Alikuwa anaogopa msumeno, kwa sababu miti ile ndiyo kazi ya mwisho ya mikono ya baba yake aliyobaki nayo, na ikishakatwa vipande imekwisha. Ungemuuliza angekwambia. Hukumuuliza, ulikuwa na hasira na Violet alikuwa anakutazama.

Ulichofanya ni wizi, mama, tusizunguke. Kwamba umempelekea Mungu hakubadilishi kwamba hukuomba.

Sasa kaa chini usome barua yako kama nilivyoisoma mimi. Mtu anayejua kila ubao kwa namba na kwa mti wake alipapasa benchi ibada nzima, na wewe unaamini hakulitambua. Ijumaa ukakuta maandishi yamefutwa. Alhamisi suruali yake ilikuwa na vumbi la mbao magotini. Funguo gani hiyo, mama Doris? Tito hakurudi, na malaika hawatumii msasa. Mumeo alipiga magoti chini ya mabenchi sita akafuta mwandiko wake mwenyewe, namba na mti, hata ule wa mferejini, ili asije mtu akainama kama ulivyoinama na kukuita mwizi mbele ya usharika. Halafu akakupa wewe kazi ya kumsomea Tito. Idadi anayo. Anachongoja ni mdomo wako.

Kwa hiyo mchwa waache wapumzike. Kesho Alhamisi panda Machame, kwenye mpaka wa kihamba cha baba mkwe, kata jani la isale, lile la kuombea msamaha, ulifunge fundo kama mama yako alivyokufundisha. Fanya haraka, maana ikifika Ijumaa ukurasa huu unafungia maandazi mji mzima. Mabanzi yatoe sebuleni kabla hajafika, pikia maharage. Akishuka mpe maji ya kuoga, mpe ndizi, tena ziwe na nyama. Akishashiba, mpe isale kwa mikono miwili useme: nilichukua ishirini na nne na sikukuuliza. Ishia hapo. Usimtaje Violet, usitaje ugoko, siku ya kupeleka isale hatujitetei. Mchagga akipewa isale hakatai msamaha, na huyu wako alishausamehe mkono wako kabla hujalikata jani.

Jumamosi msomee Tito thelathini na sita kwa sauti. Hazitoshi paa la vyumba vinne, zinatosha vyumba viwili, na kochi litaingia. Ubao wa kwanza aukate mumeo mwenyewe, siyo fundi. Wewe shika upande wa pili wa ubao.

Na ile suruali ifue tena. Nina hakika magotini bado ina vumbi. Safari hii usimgombeze.