Ofisi ya Wema, Peke Yake

Jumatatu, 3 Juni 2024
Wema kapewa ofisi yake peke yake! Dar es Salaam! Mlango, kiyoyozi, kiti kinachozunguka. Mtoto wangu mimi niliyeishia la saba! Nimetoka asubuhi kwenda kwenye kabichi, nafika shambani Lukozi nzima inajua. Hata wasiouliza.

Nyumbani kwake nako anakaa peke yake. Choo chake peke yake! Nani mwingine hapa Lukozi ana chake?

Alhamisi, 6 Juni
Jumuiya ya sala ilikuwa zamu yangu. Tuko kwenye chai, Wema akapiga kunisalimia kama kila jioni — nikaweka spika, wamsikie bosi. Shikamoo mama. Marahaba, haya sema habari za ofisini! Akasema nzuri, ila zamani walikuwa sita chumba kimoja, wanagombea sukari. Sasa tangu asubuhi kamsalimia mlinzi tu. Akirudi anawasha tivii asikie watu. Leo mama nimeongea na wewe tu.

Nikabonyeza nizime spika, kumbe nimeongeza sauti.

Wageni wakaondoka wameacha viazi kwenye sahani. Jumuiya yangu mimi, iache viazi!

Ijumaa, 7 Juni
Peke yake, peke yake — nilikuwa naimba nini mimi?

Kaja Secilia, mwenyekiti wetu. Nikajua kaja kunicheka. Kumbe ana lake: Wema tangu kipaimara ni mwanajumuiya, na zamu ya nyumba yake haijafika hata siku moja. Mama Wema, tutamruka mwenzetu mpaka lini? Nikasema Secilia, ni Dar! Akasema kwani Dar hawasali?

Jumanne, 11 Juni
Tunakwenda kwa Wema! Watu kumi na saba, gunia la viazi, karoti. Jirani yetu Heri katoa Kosta yake, basi dogo la abiria, sisi tunatoa mafuta. Nikampigia Wema. Akapiga kelele: Mama, nina vikombe viwili, kimoja hakina mkono! Nikamwambia azima. Nitaazima kwa nani, simjui mtu! Kupiga hodi nako kunafundishwa? Nikakata.

Jumatano, 12 Juni
Simu ya jioni imechelewa. Nikawaza kanuna. Kumbe yuko kwa jirani! Miaka miwili wanagawana ukuta, leo ndio kagonga. Anaitwa Ilham, naye anaishi peke yake, vikombe vyake dazeni havijawahi kutoka kabatini. Nasikia wanacheka. Ilham kachukua simu: shikamoo mama, wageni wanafika lini nianze kupika?

Kosta ya Heri iko gereji tangu mchana. Breki! Na mlima wetu huu!

Nimemjibu Ilham bila kumeza mate: Jumamosi, mwanangu. Wote.