Nyoka Vipofu wa Kijiji Kipya

Jumatatu, 7 Oktoba 1974
Nimesahihisha madaftari ya darasa la sita. Maji ya kisimani ni tope tupu. Mvua bado. Mama analalamikia sakafu tena: udongo wa huku bondeni ni laini, si kama wa kwetu mlimani. Tulihamishwa Agosti, wa mwisho kufika kijijini, tukapewa kiwanja kilichobaki.

Jioni akifagia, nyoka akachomoka kwenye ufa karibu na mafiga. Mdogo, unene wa penseli, mweusi, mkia butu kama kichwa. Mama akapiga yowe, majirani wakajaa. Leokadia wa nyumba ya pili akasema, "Huyu ana vichwa viwili." Nikacheka. Laiti nisingecheka.

Jumanne, 8 Oktoba
Nimemtia kwenye chupa ya spiriti shuleni, nikamtazama kwa lenzi. Magamba ya tumboni ni madogo, sawa na ya mgongoni. Macho ni vitone viwili chini ya gamba. Mkiani kimwiba kisichodhuru mtu. Kitabu changu cha chuo kinataja jamaa mbili za nyoka vipofu tulio nao: wembamba kama uzi, na wanene kidogo. Wetu ni wa wanene. Hana sumu. Hula mayai ya mchwa na sisimizi. Nimefurahi kama mtoto.

Alhamisi, 10 Oktoba
Mtoto wa Leokadia amefariki alfajiri. Degedege. Homa ilimshika Jumapili, kabla nyoka hajaonekana. Nimelisema hilo msibani.

Mama alipoingia na chungu cha uji, wanawake wakanyanyuka jamvini. Wote. Akakiweka chini, akatoka.

Ijumaa, 11 Oktoba
Wanasema mama anamfuga nyoka huyo, naye ndiye aliyemuua mtoto. Kwamba alimleta mtungini kutoka mlimani. Mwenyekiti wa kijiji ameitisha mkutano wiki ijayo. Nimemwendea, nikamwamkia.

"Marahaba, mwalimu. Mimi siyaamini haya. Lakini nyoka huyo ameonekana kwa nani mwingine?"

Basi hilo ndilo swali. Nikimpata kwingine, mama amepona.

Jumamosi, 12 Oktoba
Nimechimba. Bustani ya shule, kandokando ya kisima, chini ya magogo, ndani ya vichuguu. Hakuna. Ardhi imekauka kama tofali. Hawa hufuata unyevu. Wamezama chini mno. Viganja vimechubuka. Watu walisimama njiani kunitazama, hakuna aliyeuliza ninatafuta nini.

Jumapili, 13 Oktoba
Kanisani tulikaa benchi zima sisi wawili.

Baada ya ibada nilipanda kwetu kwa zamani. Nyumba imebomolewa. Migomba ipo, imesongwa na magugu. Chini ya jiwe la kusagia nikampata mmoja! Magamba yale yale, mkia ule ule. Nikalia kwa furaha. Nusu ya mteremko ndipo nikaelewa: nikimwonyesha huyu, nitakuwa nimewathibitishia kwamba alitoka kwetu. Nikamwachia majanini. Nimerudi mikono mitupu.

Jumanne, 15 Oktoba
Nyasi za paa zimeungua pembeni. Mtu amejaribu. Mama amezima mwenyewe, hakuniambia, nimeona jivu.

Siwezi kula. Nafundisha bila kujua ninachosema. Mungu, leta mvua. Sijawahi kuomba hivi.

Alhamisi, 17 Oktoba
Mvua! Asubuhi nzima. Na wametoka. Wawili uwanjani shuleni, mmoja jikoni kwa mwenyekiti, watatu kwa Leokadia, wengine hadi njia ya kisimani. Nimekimbia nyumba hadi nyumba na chupa mkononi, nimelowa chepechepe, napiga kelele, "Wapo kila mahali! Wapo kila mahali!" Nilicheka kama kichaa. Mama hakucheka. Alisimama mlangoni, akanitazama tu.

Ijumaa, 18 Oktoba
Mkutano. Nimeweka chupa mezani. Nimeeleza yote: magamba, macho, mchwa, mvua kuwafukuza mashimoni. Walinisikiliza vizuri sana. Nikaamini nimeshinda.

Leokadia akasimama. Hakuwa na hasira. Macho yamevimba. "Mwalimu, sisi tulikuja kiangazi hiki hiki, kabla yenu. Hatukumwona hata mmoja. Mama yako akafika, akaonekana kwake. Leo wako kila nyumba. Wewe mwenyewe umepita ukitutangazia."

Watu wakaguna kwa pamoja. Mwenyekiti akatazama miguu yake, kisha akasema ni heri mama aondoke, kwa usalama wake. Nikapiga kelele. Sikumbuki maneno. Mama akanishika mkono. "Yustina, nyamaza. Wewe una kazi hapa."

Laiti ningenyamaza jana. Naichukia sauti yangu.

Jumatatu, 21 Oktoba
Mjomba amekuja na baiskeli. Mtungi, godoro, jembe. Hakuna jirani aliyetoka kuaga. Nimeingia darasani, nikaandika tarehe ubaoni, nikashindwa kuendelea.

Jumapili, 3 Novemba
Nimekwenda Kanazi kwa mjomba. Nimemkuta mama anapalilia maharage. Amekonda, ila anasema analala. Nikachukua jembe tukamaliza mistari iliyobaki. Tulipokuwa tunanawa aliuliza kama Leokadia ameanza kula. Nikasema ameanza, na shambani anakwenda. Akasema Mungu ashukuriwe.

Juzi Leokadia alinisalimia kisimani. Sikumwitikia. Hilo sikumwambia mama.

Nimerudi kwa miguu. Manyunyu.