Jiwe la Tatu la Mama Adero

Aki Terry, niko hapa ufuo wa Dunga, sikia hii.

Ndugu yangu Calvince, yule mwanajeshi, alikuwa akila samaki kwenye kibanda cha Mama Adero. Akaangalia jikoni, akaganda. Jiwe la tatu la jiko si jiwe. Ni bomu la zamani, na sufuria inachemka juu yake!

"Hiyo chuma ilinaswa na wavu wa mume wangu," Mama akasema. "Miaka mitatu napikia hapo."

Miaka mitatu, Terry!

Wavuvi waliokuwa wakila hapo wakamsukuma Calvince: "Toa! Si wewe ni jeshi?"

"Mimi ni wa mawasiliano, kazi yangu ni redio! Bomu ni ya wahandisi!"

"Basi wapigie."

Namba anayo. Lakini mtu wa mawasiliano, vidole vilikataa kabisa kubonyeza simu. Mama ndiye alichukua simu akawapigia.

Wahandisi wamesema tusiguse kitu, tukimbie tu.

Tumekimbia wote. Moto bado unawaka.